Hili si zimwi, hili ni monsta

Oktoba mwaka jana binti yangu, ambaye alikuwa hajafikisha miaka mitano, alirudi kutoka chekechea na karatasi iliyokunjwa mara nne ndani ya begi. Nikaikunjua mezani. Lilikuwa zimwi: jicho moja katikati ya uso, pembe mbili fupi kama vidole gumba, meno mawili tu, na tabasamu kama la mtu anayekuuzia bima. Lilikuwa la zambarau, kwa sababu juu ya karatasi kulikuwa na maelekezo ya Kiingereza kwamba lipakwe zambarau. Pembeni Mwalimu alikuwa ameweka vema na nyota.

"Zimwi lako linaitwaje?" nikamuuliza.

"Si langu. La Madam."

Kesho yake nilipompeleka nikayaona mengine ukutani. Mazimwi thelathini na ushee, yote zambarau, yote yanacheka, yamepangwa mistari kama picha za wagombea. Tofauti pekee ni kwamba mtoto aliyetoka nje ya mstari alipata vema bila nyota. Nikamsalimia Mwalimu, dada mchangamfu na mvumilivu, nikamuuliza karatasi hizi zinatoka wapi. Akasema mwenye shule huzipakua kwenye intaneti, steshenari ya jirani inatoa kopi kwa shilingi 100 kila moja, na msimu ule ndio huja za namna hiyo. Msimu gani? Hakuwa na hakika. Ni Halloween, mkesha wa Watakatifu Wote, desturi iliyosafiri na wahamiaji kutoka Ireland na Scotland hadi Marekani, na sasa inaingia Moshi kupitia mashine ya fotokopi, bila mtu kuialika wala kuikataa.

Sikwenda kugomba. Nilikuwa na wazo tu. Nikamwambia, "Madam, kwa kuwa watoto wanayapenda mazimwi, mama yangu yuko Marangu, anajua hadithi za irimu. Siku akishuka mjini nimlete awasimulie nusu saa, halafu watoto wachore walichokiona kichwani."

Akashusha sauti. "Baba, hapo utaniponza. Wazazi wengine wameokoka. Wakisikia habari za mazimwi, kesho niko ofisini."

Nikauonyesha ukuta. "Na haya je?"

"Haya si mazimwi, Baba. Haya ni monsta."

Makala hii nzima imetokana na sentensi hiyo. Simlaumu Mwalimu. Alisema kwa uaminifu jambo ambalo mji mzima unaliamini kimyakimya. Zimwi lenye jina la Kiswahili au la Kichagga ni pepo, ni ushirikina, ni kumharibu mtoto. Likibadilishwa jina likawa monsta, likang'olewa meno, likapakwa zambarau, limekuwa elimu ya awali. Mimi nabisha pande zote mbili, na hoja yangu ni moja: mtoto mdogo anahitaji zimwi, na analihitaji akiwa amelichora mwenyewe. Anayemkataza zimwi na anayemchorea zimwi wanafanya kosa lile lile, yaani wote wawili wanamnyang'anya hofu yake na kumwachia yao.

Nianze na waliookoka, maana ni ndugu zangu na majirani zangu, na nimelelewa kwenye benchi la kanisa kama wao. Wanasema mambo ya irimu ni ya giza, wamisionari walikuja kuyaondoa. Sawa. Basi tumtazame mmisionari mwenyewe. Bruno Gutmann, mchungaji wa Kilutheri kutoka Ujerumani, alifika Kilimanjaro mwaka 1902 na kuitumikia milima hii, sana sana Old Moshi, mpaka mwaka 1938 alipoondoka. Mwaka 1914 alichapisha huko Leipzig kitabu kinene cha hadithi na masimulizi ya Wachagga, *Volksbuch der Wadschagga*. Humo irimu wamo. Mchungaji aliyebatiza na kuzika watu wa huku aliketi akawasikiliza wazee, akayaandika mazimwi yao moja moja, na hakuona kwamba kalamu yake imenajisika. Leo mjukuu wa wale aliowabatiza anaogopa kumsimulia mtoto hadithi ambayo mchungaji aliona inastahili kuhifadhiwa.

Na neno lenyewe ni la ukoo mkubwa. Sisi Wachagga tunasema irimu, Wakikuyu nao wanasema irimu, Wazulu wanasema izimu, Waswahili wanasema zimwi. Ni neno moja lililotembea na lugha za Kibantu karne na karne, likiwa limebebwa na akina mama kwenye mazungumzo ya usiku. Halikukaa muda wote huo kwa sababu watu walikuwa wanaabudu mazimwi. Hakuna anayeabudu zimwi. Katika hadithi zimwi ni la kukimbiwa, kudanganywa, kuchomwa moto na mwisho kupasuliwa tumbo. Ukiniuliza, hiyo ni ibada ya ajabu sana.

Halafu tuwe wakweli kuhusu unafiki wetu. Pita maduka ya vinyago hapa mjini, yale yanayosubiri watalii wanaoshuka mlimani. Utakuta vinyago vya mashetani vya Kimakonde, mtindo ambao mwanzilishi wake anatajwa kuwa Samaki Likankoa katika miaka ya 1950: viumbe wenye jicho moja, masikio yaliyopotoka, miguu isiyolingana. Utakuta picha zilizoiga zile za George Lilanga, aliyefariki mwaka 2005, ambaye mashetani wake wenye matumbo na masikio makubwa yalimpeleka kwenye kumbi za maonyesho za Ulaya na Marekani. Hayo tunayauza kwa dola. Mgeni akienda na shetani wa Kimakonde sebuleni kwake hatusemi amebeba pepo. Tunasema biashara imetoka. Kisha tunavuka barabara kwenda steshenari kumtolea mwanetu kopi ya zimwi la huyo huyo mgeni.

Na sisi wapenzi wa fasihi tusijifiche nyuma ya waliookoka. Tumesoma *Mashetani* ya Ebrahim Hussein, iliyotoka mwaka 1971, tukajibu maswali ya mtihani kuhusu Juma na Kitaru wanaocheza mchezo wa shetani na binadamu. Tunajua kueleza kwamba shetani yule ni ukoloni, ni ukoloni mamboleo, ni tabaka. Tunaandika insha nzuri kuhusu zimwi kama sitiari. Lakini angalia walichofanya wale vijana kabla sitiari haijaanza: walicheza. Waligawana, wewe kuwa shetani, mimi niwe mtu. Huo ni mchezo wa watoto wa miaka mitano, na mwandishi mkubwa aliona unaweza kubeba tamthilia nzima. Ni nani kati yetu aliyewahi kumkalia mtoto wa miaka mitano akamwuliza shetani wake ana sura gani?

Sasa upande wa pili, upande wa monsta.

Sisemi kupaka rangi hakuna faida. Mtoto anajifunza kushika kalamu, mkono unapata nguvu, anatulia. Mwalimu mwenye watoto thelathini na ushee na msaidizi mmoja anahitaji dakika ishirini za utulivu kama mkulima anavyohitaji mvua. Hilo nalikubali bila kinyongo. Ninachobishia ni kwamba karatasi hiyo inajifanya inahusu hofu, inajifanya inahusu ubunifu, na haihusu chochote kati ya hivyo. Nimezipitia nyingi kwenye simu, pamoja na zile za kazi za mikono. Orodha ya vifaa peke yake inachekesha: sahani nyeupe za karatasi, macho ya plastiki yenye mboni inayochezacheza, vijiwaya vilivyovikwa manyoya, vidonge vya sufi vya rangi saba. Zunguka kuanzia Mbuyuni hadi Kiboriloni ulete hivyo vitu, nikusubiri. Na ukivipata, hatua ya kwanza mpaka ya mwisho imeshaandikwa: kata hapa, gundisha pale, zimwi lako limekamilika. Lako kivipi? Binti yangu aliona mapema kuliko mimi. La Madam.

Tena huko tunakoiga, walioanza kazi hii kwa uzito hawakuifanya hivyo. Mwaka 1963 Maurice Sendak alitoa kitabu cha mtoto aitwaye Max ambaye amefukuzwa akalale bila chakula kwa utundu wake, akasafiri mpaka kwenye nchi ya majitu yenye makucha, akawa mfalme wao, kisha akarudi nyumbani. Watu wazima walikilalamikia. Mwanasaikolojia mashuhuri Bruno Bettelheim alikikosoa hadharani. Watoto wakakipenda mpaka leo. Na Sendak alieleza wazi majitu yale aliyatoa wapi: yalikuwa wajomba na mashangazi zake, wahamiaji wa Kiyahudi waliokuja kwao Brooklyn Jumapili, wenye meno mabovu na pua zenye nywele, wakimfinya mashavu na kumwambia wanaweza kumla. Alichora watu wa nyumbani. Kushika penseli alijua, lakini kilichokipa kitabu nguvu ni kwamba mtu alikumbuka nani hasa alimtisha, akathubutu kumchora. Karatasi yetu ya zambarau ni kopi ya kopi ya ujasiri huo, na ujasiri wenyewe umebaki kwenye mashine.

Kuna kundi la tatu, na hili ni la kwangu. Ni wale wanaosema, basi tuchapishe mazimwi yetu. Rafiki yangu mchoraji wa Arusha na mimi tulikaa miezi miwili tukipanga kitabu cha kupaka rangi cha mazimwi ya Kiafrika. Tulishafika michoro kumi na miwili. Irimu wetu alikuwa na masikio ya majani ya masale, manyoya ya majani makavu ya mgomba, na nyuma yake Kibo imekaa na theluji yake. Nilikuwa najisikia mzalendo kwelikweli. Nilikuwa nimeshaandika na barua ya kuomba ufadhili.

Kilichonikwamisha ni kumbukumbu ya bibi, mama yake mama. Miaka ya tisini, likizo ya Desemba, wajukuu tukirundikana jikoni kwake Marangu karibu na mafiga huku moshi unatutoa machozi, alikuwa anatusimulia irimu aliyekuja kuposa kijijini akiwa kijana mtanashati. Siri yake ilikuwa moja: alikuwa na mdomo wa pili kisogoni, chini ya nywele. Bibi hakuongeza kitu. Hakusema alikuwa mrefu kiasi gani, wala ngozi yake ya rangi gani. Miaka ya karibuni, kwenye msiba, tulikaa binamu wanne tukaulizana ulikuwa unamwonaje irimu wa bibi. Mmoja alimwona mwekundu, ana mkia. Mwingine alimwona mweupe pe, kama mtu aliyetoka kwenye kinu cha unga. Wa tatu akanyamaza kidogo, akasema yeye siku zote alimwona ana uso wa mjomba fulani ambaye sote tulijua akilewa anavyokuwa. Hakuna aliyecheka.

Hapo nikaelewa. Bibi hakusahau kutuchorea. Ile nafasi tupu ndiyo ilikuwa kazi yake. Alitupa mdomo wa kisogoni, akatuachia sura tujaze wenyewe, na kila mmoja akajaza kwa kile kilichokuwa kinamtafuna. Kama angetupa irimu aliyechorwa, mwenye masikio ya masale, binamu yangu angempaka kijani, angepata nyota, na mjomba angebaki bila kuonekana. Nikampigia rafiki yangu wa Arusha. Alinikasirikia, na haki yake. Michoro ilikuwa mizuri. Lakini zimwi la mzalendo likishachapwa kwenye karatasi ya kupaka rangi, nalo ni la Madam.

Pwani wanayo hadithi inayolisema jambo hili vizuri kuliko mimi. Imo katika *Swahili Tales* ya Edward Steere, iliyochapishwa London mwaka 1870 kwa masimulizi aliyoyakusanya Unguja. Steere naye mtu wa kanisa, baadaye askofu, tena. Ni hadithi ya Sultani Majnuni na paka wake. Paka wa nyumbani, anayelala nyumbani. Anaanza kula mifugo, watu wanamshitaki kwa Sultani, Sultani anasema mwacheni, paka ni wangu na alivyokula ni vyangu. Anapanda daraja, anakula wakubwa zaidi, anaanza kula watu. Jibu la Sultani ni lile lile. Mpaka paka anapomlia wanawe mwenyewe ndipo anapoona kwamba yule si paka tena. Ni nunda, mla watu.

Mtoto mdogo wa Sultani, yule aliyedharauliwa, ndiye anayekwenda kumtafuta. Hamjui nunda ana sura gani. Anaua mnyama, anamleta kwa mama yake: huyu ndiye? Mama anamwambia siye. Anarudi porini, anakuja na mkubwa zaidi: huyu? Siye. Anapanda hivyo hivyo, mpaka twiga, mpaka kifaru, mpaka tembo. Kila mara mama anamjibu kwa wimbo kwamba bado. Mwisho anampata nunda mwenyewe, na safari hii mama anakubali.

Nimeisoma mara nyingi lakini sikuwahi kuitazama kama somo la chekechea. Sasa naiona hivyo. Mtoto analeta umbo baada ya umbo, na mtu mzima anamtazama na kumjibu kweli. Mama yule hamwambii mwanawe nunda hayupo. Hamwambii usitaje jina hilo ndani ya nyumba hii. Wala hampi nunda wa kufinyanga anayecheka ili mtoto alale. Anamwambia siye, tafuta tena. Na kumbuka nunda alitoka wapi: alitoka sebuleni, alilishwa na baba mwenye nyumba, na kila aliyejaribu kumsema aliambiwa paka ni wangu.

Nilikuwa nimefika hapo kwa hoja tu, kama mwandishi anavyofika. Desemba ikanifikisha kwa njia nyingine.

Mnajua Krismasi ya Uchagani. Ukoo wote ulipanda, magari kutoka Dar yakajaa uani, watoto wa kaka na wa dada wakazagaa kwenye migomba na tableti zao. Usiku wa pili umeme ulikatika. Mama yangu akawaita watoto jikoni na kuwasimulia irimu yule yule wa mdomo wa kisogoni, kama alivyosimuliwa naye. Wote walilala mapema na kwa utulivu ambao haujatokea tena.

Asubuhi niliwapa karatasi. Sikuwa na za kupaka rangi. Nilikuwa na rundo la taarifa kwa vyombo vya habari kwenye begi la kazi, zimechapwa upande mmoja. Nikageuza upande mtupu, nikasema: mchoreni irimu. Mkubwa wao, wa miaka saba, akasema karatasi haitoshi. Akaenda mgombani, akatengeneza wake kwa majani makavu akayafunga kwa kamba ya mgomba, magunzi mawili ya mahindi yakawa miguu, vizibo vya soda vikawa macho. Mwingine alichora treni. Nikamuuliza irimu yuko wapi, akasema yumo ndani.

Binti yangu alichukua kama saa nzima. Aliponiletea, nilikuwa kibarazani nahariri habari kwenye simu. Irimu wake alikuwa mrefu, mikono kama fito, mdomo mmoja mbele na mwingine nyuma kama alivyosimuliwa. Juu ya uso kulikuwa na duara mbili zilizounganishwa na mstari.

"Hizi ni nini?"

"Miwani."

"Na hiki mkononi?"

"Simu."

"Mbona ana midomo miwili?"

Akanitazama kama mtu anayeuliza jambo la wazi. "Wa mbele unaongea na simu. Wa nyuma unasema subiri kwanza."

Nyumbani kwetu anayevaa miwani ni mmoja.

Ningependa kuwaambia nilikuwa na jibu la hekima. Sikuwa nalo. Kwa miezi kadhaa nilikuwa nafanya kazi mbili, narudi na habari ambazo hazijaisha, na neno nililomwambia mwanangu mara nyingi kuliko jina lake lilikuwa hilo hilo. Sikuwahi kumpiga. Nilidhani hiyo inatosha kuniweka nje ya hadithi. Mama yangu aliyekuwa anamenya ndizi za mtori aliomba aione karatasi, akaiangalia sana, akacheka kidogo. "Zimwi likujualo halikuli likakwisha," akasema, akarudi kwenye ndizi zake.

Methali hiyo huwa tunaitumia kwa kupuuza, kwamba afadhali shari unayoifahamu. Siku ile niliisikia kama ilivyoandikwa: zimwi linalokujua wewe. Yaani la kwenu. Lina jina lako, linakupenda pengine, na bado lina mdomo kisogoni.

Kisha mtoto akaomba mkasi. Katika hadithi ya bibi yake, irimu akishauawa hupasuliwa na watu wote aliowameza hutoka wazima. Akalikata tumbo la mchoro kwa makini sana, akapitisha kidole kwenye tundu. "Nimetoka," akasema. Halafu akaenda kucheza. Jambo lilikuwa limekwisha, kwake.

Basi nirudi kwenye ugomvi wangu, sasa nikijua mimi mwenyewe nimo ndani yake. Watu wazima hatuzuii mazimwi ya hadithi kwa ajili ya kuwalinda watoto. Mtoto anaogopa tayari. Hofu haingojei ruhusa ya kamati ya wazazi. Tunayazuia kwa sababu mtoto akipewa hadithi yenye nafasi na karatasi tupu, kuna hatari atachora kilichopo. Atachora mkanda uliotundikwa nyuma ya mlango. Atachora mjomba. Atachora fimbo ya shuleni, au miwani. Anayesema ni mapepo anapata njia ya kutotazama. Anayetoa kopi ya monsta anayecheka naye anapata njia ya kutotazama, tena yenye rangi na nyota. Sultani alisema paka ni wangu. Sisi tunasema haya ni monsta tu, Baba.

Najua mtaniuliza: na yule mtoto atakayeota ndoto mbaya? Yupo, na asilazimishwe. Msimulizi mzuri anamtazama mtoto usoni. Bibi alikuwa akiona mmoja wetu amejikunyata anamleta irimu mwisho wake haraka. Hilo mashine ya fotokopi haliwezi, na video haiwezi. Mtaniuliza pia: mwalimu atafanya nini akiletewa mchoro wenye mkanda? Swali zuri, na ndilo lilistahili kujadiliwa kwenye mikutano ya wazazi badala ya rangi ya sare. Mchoro si ushahidi wa mahakamani. Mwenye kuchora treni huenda amechora treni tu. Lakini ukiuona, kaa chini umuulize mtoto, kisha ukubali jibu. Mama wa kwenye hadithi ya nunda alijibu kila alicholetewa. Hakuchoka.

Na kuhusu gharama, hapo ndipo sina huruma kabisa. Kopi moja ni shilingi 100. Kopi 500 ni shilingi 50,000. Karatasi tupu 500 hazifiki nusu ya hapo. Majani makavu ya mgomba ni bure, magunzi ni bure, vizibo viko chini ya kila meza ya baa kuanzia hapa mjini mpaka Marangu Mtoni. Bibi na babu wenye hadithi bado wapo, ila hawatakuwepo siku zote, na anayewasubiri mpaka apate mfadhili wa kuwarekodi atarekodi msiba.

Januari shule zilipofunguliwa nilikwenda kwa Mwalimu nimebeba rimu moja ya karatasi tupu. Rimu, hata neno limenichekesha, maana kwa lugha ya bibi limepungukiwa herufi moja tu. Sikurudia habari za irimu wala sikutaja mama yangu. Nilimwambia, Madam, siku moja tu kwa wiki, wape hizi bila mchoro, waambie wachore kinachowatisha, halafu umuulize kila mmoja ni nini hiki.

Akaipima mkononi, akaiweka kabatini juu ya zile kopi za zambarau zilizobaki.

"Tutaona, Baba," akasema. "Wako thelathini na sita. Nikimuuliza kila mmoja, si ndio saa sita hiyo?"

Nikamwambia aanze na watano.